Mji Alioujenga Nimesh Kwenye Kompyuta

Shakuntala aliiita kompyuta ya mumewe mke mwenza, na hakuwa akitania sana. Kwa miaka sita Nimesh alifunga duka lao la mapazia saa kumi na moja na nusu, akapanda ngazi kwenda nyumbani juu ya duka, akavua viatu, akawasalimia miungu kwa heshima zote, kisha akajifungia kwenye chumba kidogo cha nyuma na yule mwanamke wa plastiki. Chapati zilipoa. Chai iliota utando. Akiitwa alijibu "Naja," na neno hilo kinywani mwa Nimesh lilikuwa na urefu wa saa nzima.

"Unafanya nini huko?"

"Najenga."

"Unajenga nini?"

"Utaona."

Hakuona, kwa sababu hakutaka kuona. Huyu ni mwanamke aliyezaliwa Nakuru, binti wa fundi cherehani, aliyeshona mapazia ya nusu ya nyumba za mtaa wa Milimani kwa mkono wake. Anaweza kulitazama dirisha toka barabarani akakuambia litakula mita ngapi. Mtu kama huyo humwambii kwamba kukodolea macho kioo ni kujenga. Alinuna, akasusa, na kususa kwa Shakuntala si kwa siku mbili. Alisusa miaka yote sita, na mlango wa kile chumba hakuugusa ila kwa ufagio.

Mwezi wa nne mwaka 2007 moyo wa Nimesh ulimlaza hospitalini. Siku ya mwisho aliyoweza kusema maneno mengi, alimshika mkewe kiganja, akamwambia, "Ukitaka kujua jioni zote hizo nilikuwa wapi, fungua kompyuta. Kuna picha ya nyumba ndogo nyekundu. Bonyeza mara mbili. Nimejenga mji mle." Akapumzika kidogo, akaongeza, kwa sababu alikuwa Nimesh, "Lakini usizime na kile kitufe cha mbele. Kinaharibu." Siku mbili baadaye akafariki.

Kuanzia hapo Shakuntala alitaka kitu kimoja tu duniani. Alitaka kuuona ule mji. Alitaka kujua ni nini kilichokuwa kitamu kuliko yeye kwa miaka sita, na ikiwa ni upuuzi aujue upuuzi huo, na ikiwa si upuuzi basi alie vizuri. Kulia bila kujua unachokililia kunachosha.

Ila mambo hayakuwa rahisi. Wiki moja baada ya matanga, radi ya masika ilipiga ikaunguza kioo cha ile kompyuta, kile cha zamani chenye kisogo kikubwa. Fundi Karanja akamletea kingine chembamba, kilichotoka kwenye ofisi iliyofungwa huko mjini. Alikiunganisha, kikawaka, Karanja akanywa chai akaenda zake. Shakuntala alibaki peke yake na ile picha ya nyumba nyekundu. Aliibonyeza mara mbili, polepole mno, haikufunguka. Akabonyeza mara nyingi kwa haraka, kama anayemwita mtu aliye ndani ya choo. Kioo kikawa cheusi. Katikati ya weusi huo kikaelea kisanduku kidogo cha maneno ya Kiingereza, kikisema kwamba picha iliyoletwa imepita uwezo wake.

Alingoja, na weusi haukwenda popote. Kisanduku kilielea kushoto, kikaelea kulia, kama nzi asiye na kazi. Kutoka kwenye spika ndogo ulisikika muziki wa taratibu, wa kupendeza kweli. Shakuntala alidhani huenda mji wenyewe unapakiwa, na mji si kitu kidogo. Alipochoka kungoja akataka kuzima, akakumbuka maneno ya hospitalini, mkono ukarudi. Akafanya ambalo mama yeyote wa Nakuru angelifanyia televisheni yake: alitandika kitambaa cheupe cha kufumwa juu ya kioo na juu ya lile sanduku, vumbi lisiingie, akaiacha ikiwaka, akashuka dukani.

Ikawa desturi. Kila jioni alileta picha ya Nimesh yenye shada lake, akaiweka kando ya kompyuta, akawasha taa ya samli, akafunua kitambaa, akaketi mbele ya weusi ule na kusikiliza muziki. Stima ikipotea, na mwaka ule ilipotea ilivyotaka, aliiwasha tena kompyuta ikirudi, akaibonyeza nyumba nyekundu, akangoja upya. Kuna siku alisikia ving'ora akafungua dirisha kuchungulia barabarani, akaona barabara tulivu na mtu akiuza mahindi ya kuchoma. Siku nyingine muziki ulikatizwa na mlio kama wa kitu kinachopasuka. Hakuelewa lolote. Lakini alijisikia yuko karibu na mumewe, na hilo hakuwahi kulisikia siku Nimesh alipokuwa hai nyuma ya ule mlango.

Mwezi wa nane alimweleza mwanawe Tarun, aliyekuwa akifanya kazi Leicester, Uingereza, kwenye simu ya Jumapili. Tarun alicheka, kisha akaona aibu ya kucheka.

"Mama, huo ni mchezo wa kompyuta wa kujenga miji, wa zamani. Unataka kujaza kioo chote, na hicho kioo kipya hakiwezi kuuonyesha hivyo. Ufungue ndani ya dirisha."

"Madirisha yote yamefunguliwa. Kuna hewa ya kutosha."

"Si dirisha la nyumba. Ni kisanduku humo kwenye kioo. Andika ninachokuambia."

Shakuntala aliandika nyuma ya karatasi ya kalenda, kwa Kigujarati, kwa mwandiko wake wa vipimo vya mapazia: bonyeza upande wa kulia, chagua neno la mwisho kabisa, tafuta mstari mrefu, nenda mwisho wake, ruka nafasi, weka kistari na herufi w. Alisoma mara tatu. Kila neno lilieleweka, na yote kwa pamoja hayakueleweka hata kidogo.

Kwa wiki mbili, kila stima ilipopotea na kurudi, alipigana na karatasi ile. Upande wa kulia wa nini? Alibonyeza upande wa kulia wa kioo, kisha upande wa kulia wa meza. Alipogundua kwamba kipanya chenyewe kina kulia na kushoto, ilishuka orodha ya maneno, akagusa lisilokuwa la mwisho, na nyumba nyekundu zikawa mbili. Alipojaribu kurekebisha zikawa nne. Kufikia Ijumaa zilikuwa saba, na Shakuntala akashikwa na hofu ya kweli. Mji upi ni wa Nimesh? Na ile mingine sita, ina watu? Tarun alimwambia azifute zile za ziada, naye akaona mwanawe amekuwa katili huko ughaibuni. Afute mji wa baba yake bila kujua ni upi? Hakufuta. Aliandika kistari na herufi w kwenye jina lililo chini ya kila nyumba, zote saba, akazibonyeza moja baada ya nyingine. Weusi, muziki, kisanduku kikielea. Aliketi akacheka peke yake kama mwendawazimu, kisha akaacha kucheka.

Wangui ndiye aliyemkuta katika hali hiyo. Wangui alifundisha kompyuta kwenye chuo kidogo upande wa pili wa barabara, na alikuwa amekuja kuchukua mapazia ya nyumba yake mpya huko Bahati. Alimkuta mwenye duka ameinamia kaunta, mapazia ya mteja yamekatwa mafupi kwa shubiri nzima, jambo ambalo halikuwahi kutokea toka duka lifunguliwe.

"Mama Tarun, ni nini? Wewe ni mgonjwa?"

"Wangui, mimi si mgonjwa. Mimi ni mjinga. Nyumba ni saba, na hata moja haifunguki."

Wangui hakuelewa, basi akapandishwa ngazi akaoneshwa. Aliinama kwenye kioo, akahesabu, akajizuia kucheka kwa sababu taa ya samli ilikuwa ikiwaka hapo kando.

"Hizi shortcut zote umezitengeneza wewe?"

"Si mimi. Zinazaa zenyewe."

"Sikiza, Mama Tarun. Hizi si mji. Hii ni kama ile signboard iko kwa barabara imeandikwa Subukia. Ukiing'oa, Subukia bado iko. Ukiweka saba, Subukia ni ile moja tu."

Shakuntala alivuta pumzi ambayo alikuwa ameizuia wiki mbili. "Kwa hivyo mji ni mmoja."

"Ni mmoja. Na hii w umeandika kwa jina. Jina ni rangi tu ya signboard. Inafaa tuandike kwa ile njia yenyewe." Akabonyeza kulia, akateremka hadi neno la mwisho, akapata mstari mrefu, akaenda mwishoni kabisa, akaruka nafasi, akaweka kistari na w. Kazi ya nusu dakika. Kisha akasimama, akampisha mwenyewe kitini. "Bonyeza wewe."

Shakuntala alibonyeza mara mbili, kwa mwendo ule ule aliokuwa amejifunza kwa taabu. Kioo hakikuwa cheusi. Kikajitokeza kisanduku, si kikubwa, ukubwa wa kitabu kilichofunguliwa, na ndani yake, ukionekana kama kwa jicho la kunguru anayepita, mji.

Juu ya kisanduku, kwenye ukingo wake wa buluu, palikuwa na jina la mji. Mji uliitwa Shakuntala.

Alilisoma mara nyingi. Miaka sita alikuwa amemwonea wivu mwanamke wa plastiki, kumbe aliyekuwa humo ni yeye mwenyewe. Alilia hapo hapo, kwa sauti, bila kujifunika. Wangui alimshika bega, naye akilia kidogo, kwa sababu mtu hawezi kusimama kando ya kilio kama hicho akabaki mkavu.

Lakini Wangui alikuwa mwalimu, na macho yake yaliendelea kusoma. Akakunja uso.

"Mama Tarun, huyu mzee aliuacha ukiwa hivi?"

Hapo ndipo Shakuntala alipoutazama mji vizuri. Barabara zilikuwa zimebomoka vipande vipande. Mitaa mizima ilikuwa magofu meusi, madirisha yote gizani. Mahali penye shimo kubwa, Wangui alisema, palikuwa kituo cha umeme. Vituo hivyo huzeeka, na visipobadilishwa hulipuka. Pembeni palikuwa na orodha ya miaka na idadi ya watu. Mwezi wa nne Nimesh alipoondoka mezani, mji ulikuwa na watu elfu arobaini na moja. Sasa walikuwa mia tisa na kumi na wawili.

"Nani amefanya hivi?" Shakuntala aliuliza. "Ni wezi? Ni ile radi?"

Wangui alitazama taa, akatazama kile kitambaa cheupe kilichokunjwa vizuri kando ya kibodi.

"Ulikuwa ukiifungua, inakuwa nyeusi, halafu unafanya nini?"

"Naiacha. Alisema nisizime. Nafunika, naenda dukani."

"Siku ngapi?"

"Kila siku."

Wangui alimweleza taratibu, kama anavyowaeleza wanafunzi wake wa wiki ya kwanza. Mchezo ulikuwa ukifunguka kila mara. Nyuma ya ule weusi mji ulikuwa ukiishi, saa zake zikikimbia, mwaka mzima ukipita kwa muda wa kupika wali, na kila mwaka ukijihifadhi wenyewe juu ya ule uliotangulia. Ving'ora vilikuwa vyake. Muziki ulikuwa wake. Watu wa mji walikuwa wakiomba barabara, wakiomba umeme na maji, na hapakuwa na mtu wa kuwasikia.

"Nilikuwa nimeketi hapa," Shakuntala alisema. "Nilikuwa hapa hapa."

"Ulikuwa hapa. Haukuwa unaona, ni hivyo tu."

Wangui alitafuta kama kuna nakala ya zamani. Alifungua hiki na kile kwa robo saa nzima, na Shakuntala alimtazama mikono kama anavyotazamwa daktari. Hapakuwa na nakala. Nimesh alikuwa na mji mmoja tu, na huo ulikuwa ndio huu.

"Pole sana, Mama Tarun. Lakini si lazima ubaki na hii. Naweza kukuanzishia ingine. Kiwanja safi, mto, milima. Tunaiita tu Shakuntala. Hii imeharibika sana, kuirudisha ni kazi ngumu kuliko kuanza."

Shakuntala alisogeza uso karibu na kioo. Katika kona moja ya mji, ng'ambo ya mto, palikuwa na nyumba chache ambazo taa zake zilikuwa bado zinawaka. Vigari viwili vilipita kwenye kipande cha barabara kilichobaki, vikafika palipobomoka, vikageuka, vikarudi.

"Hawa ndio mia tisa?"

"Ndio hao."

"Wana maji?"

Wangui alibonyeza mahali. "Hawana."

Shakuntala alijifuta uso kwa ncha ya sari, akakivuta kiti mbele, akakishika kipanya.

"Sitaki mji mpya. Huo haujawahi kumwona Nimesh," alisema. "Hawa wamemwona. Nionyeshe bomba liko wapi."