Mulango ya Kapita Ilinikamata Kiuno

Mukitembea na miye mu quartier Lumumba, kisha mukasikia mutu anaita nyuma yetu "Mise à jour!" na benzake banacheka, tafazali musigeuke, musiniulize kitu, tuendelee tu kutembea. Ni miye banaita. Leo nitabaelezea miye mwenyewe, juu habari yenye inazunguka mu muji ni mbaya kuliko yenye ilifanyika (kuko benye banasema nilikuwa uchi kabisa, na ile ni uongo, nilikuwa nimevaa patalo, sehemu yake kubwa), na pia juu nimechoka kubeba hii haya peke yangu.

Miye ni Dieume, natengenezaka simu. Niko na kibanda pembeni ya barabara. Simu ikianguka mu maji, ikipasuka kioo, ikikataa kuwaka, banaleta kwangu, na mingi inapona, na ile njo iliniharibu kichwa, nikaanza kuwaza kila kitu yenye iko na taa na bateri ni ndugu ya simu.

Ile wakati nilikuwa napenda Mave, na Mave alikuwa ananipenda, na si mapendo ya kando ya njia: shangazi yangu, mwenye alinikomalisha tangu tulikimbia vita mu Djugu na mama yangu akabaki kule mu udongo, alishatuma wazee kwabo, bakakunywa, bakasikilizana juu ya ngombe, siku ya kupeleka dot, ile mahari, ikawekwa. Kulibakia juma kidogo tu. Nilikuwa na haja moja mu dunia hii, ile siku ifike bila kuharibika kitu.

Na mujue, kwetu mukwe na mama-mukwe habakaribiane. Mama ya Mave, banamuita Mama Inno, juu ya mutoto yake ya kwanza, Innocent, mwenye iko Canada. Mama Inno akipita ku njia hii, miye napita ku ile. Akiwa mu duka, nangojea inje. Hata salamu naitumaka na mutu. Si kumuogopa, ni heshima. Bokilo yako (mama-mukwe, shemeji, ndugu bote ba ndoa) haone mwili yako, haguse mukono yako, na weye vilevile. Shangazi alikuwa ananirudilia hiyo neno kila siku mpaka masikio ikachoka.

Basi Inno, wakati alikuja kusalimia, aliletea mama yake mulango ya mbwa. Musicheke, iko. Ni mulango ndogo yenye aliweka chini ya mulango ya nyuma, fasi ya jikoni, iko na kibao yenye inapanda yenyewe wakati mbwa anakaribia na kitu fulani ku shingo, akishapita inashuka yenyewe, mbwa ya jirani haingie, mwizi haingie, na yote inaongozwa na simu. Mbwa yenyewe banamuita Kapita, iko mukubwa sawa ndama, kwa hiyo mulango yake pia ilikuwa kubwa (mukumbuke hiyo). Bajirani balikuwa banakuja kuangalia Kapita anaingia na kutoka bila kugonga, bengine balileta hata viti.

Kisha mulango ikaanza kuomba mise à jour, kusasisha programu yake. Kila asubui taa nyekundu, aplikasion inasema iko mu kazi, mise à jour inafika katikati, courant ya umeme inakatika na koneksio inakatika nayo, kesho inaanza tena ku mwanzo, na kibao imefungwa. Kapita anabaki ndani, na mbwa akifungiwa ndani atafanya nini? Anafanyia mu salon, juu ya tapi, zulia ya Mama Inno. Sasa Baba mukubwa (ndugu mukubwa ya baba yabo mwenye alishakufa, njo chef ya famille, njo angepokea ngombe) alikuja kula dimanche moja, siku ya kanisa, akakanyaga. Akasema hatapokea bakwe mu nyumba yenye inanuka mbwa, bangojee kwanza Inno arudi atengeneze kitu yake, hata kama ni mwaka kesho.

Mave akaniletea ile kilio. Na hapa njo fasi yenyewe, hapa njo ningefunga kinywa, ningesema pole, tumuitie Inno ku simu atuongoze. Kumbe nilitosha kifua, nikamuambia:

"Iyo ni kitu ya dakika tano."

Miye mwenye sikugusaka mulango ya mbwa tangu kuzaliwa kwangu.

Tukapanga dimanche, wakati bote bako ku kanisa. Mama Inno anaendaka na funguo ya nyumba mu mukoba juu anaogopa wizi, lakini hatukuona ile ni shida, juu mise à jour inafanyika na simu, nitakaa inje ku baraza ya nyuma, nimalize, niende, Mama Inno akirudia akute Kapita anapita, asijue hata ni nani alifanya. Mave akanipa kode ya aplikasion, akaenda kuimba mu korali. Miye nikavaa patalo yangu ya kitambaa, yenye nilishonesha juu ya dot, (saa hii naona haya hata kuandika) juu niliwaza mutu akinikuta pale anione nimevaa kama teknisien ya maana.

Mwanzo ilienda muzuri. Nilikaa chini, nikafungulia mega yangu ya internet, mise à jour ikaanza kupanda polepole, nikapiga hata muruzi. Karibu ya mwisho ikasimama. Kibao ikapanda yenyewe, ikabaki juu, mulango wazi, taa nyekundu, na aplikasion ikaniandikia nifinye kifungo ya ndani mpaka taa igeuke. Ya ndani! Nikapitisha mukono, haifike. Nikapitisha mukono na kichwa, naiona kabisa, iko pale upande ya kuume, inanikosa kidogo sana. Nikapitisha mabega. Nikapitisha tumbo (ile asubui nilikula bugari ya jana na sombe, musisahau). Nikafinya. Taa ikageuka kijani.

Nilifurahi, naapa. Nikasema mu roho, Dieume, weye ni mutu. Kumbe mulango kama ile, mise à jour ikiisha, inazima kisha inawaka tena, na kazi ya kwanza yenye inafanya ikiamuka ni kujifunga. Kibao ikashuka. Haikunikata, haikunivunja mufupa, ilinikalia tu juu ya kiuno, pale ku mukaba, ikashika. Kichwa, mikono na kifua iko mu jikoni ya Mama Inno. Matako na miguu iko inje ku baraza. Nikajisukuma mbele, ikalia pii, ikafinya zaidi. Nikajivuta nyuma, pii tena, na nikasikia patalo ya dot inapasuka toka huku mpaka kule.

Kapita akaja. Ananijuaka, akanilamba uso yote, nashindwa hata kujipangusa. Pale nikapata akili: kitu ya kufungua iko ku shingo yake. Nikamuita kwa upole, nikashika mukaba ya shingo, nikamuvuta karibu ya kibao. Hakuna kitu. Nikarudilia, nikamuzungusha, nikamubembeleza, hakuna kitu. Kumbe mise à jour ilifuta yote, mulango haikumujua Kapita tena, haikujua mutu yeyote, na simu yenye ingeifundisha upya iko inje, karibu ya kiatu yangu, bila shaka inaandika kwamba kazi imeisha muzuri. Nikaweka uso juu ya saruji. Nikajiambia ibada yabo inakawiaka, kuko wakati, Mungu atafanya kitu. Na Kapita, wakati aliona kutoka haiwezekane, akaanza kubweka mu sikio yangu.

Mungu hakufanya. Ile siku balikuwa banangojea muhubiri wa kutoka Nyankunde, barabara ikamukatalia, ibada ikafupishwa. Nikasikia geti. Nikasikia bamama ba korali banaongea, banakuja nyuma ya nyumba, kisha nikasikia banaacha kuongea. Mutu akasema mwizi. Kwetu ile neno haichezewe, mutu anaweza kufa nayo mbele hajataja jina yake. Nikasikia mama moja anaomba bamupatie mutwangio ya kinu. Nikaanza kupiga makelele na nguvu yangu yote, ni miye, ni Dieume, ni mukwe yenu, lakini nilikuwa napigia makelele mu jikoni, Kapita anabweka juu ya sauti yangu, inje habasikie kitu. Niliogopa sana, sitabaficha. Kisha nikasikia Mave.

"Musimupige. Ile ni viatu ya Dieume."

Afazali bangenipiga ule mutwangio. Muwaze nayo: Mave mwenye nilitaka kuoa, mama yake, korali nzima, na juu ya ukuta bajirani na simu mu mikono, bote mbele ya nyuma yangu na patalo yenye imepasuka. Na hakuna mwenye anakaribia. Bamama, juu ya heshima, baligeukia ukuta, bakangojea mwanaume. Mwanaume ya famille ilikuwa mumoja tu, Baba mukubwa, na yeye alikuwa bado njiani, anatembeaka polepole. Mave nilisikia analia. Na miye nikaanza kulia, kulia kabisa, juu nilijua hata bakinitosha pale, ile siku ya dot sitaifikia tena na uso yangu.

Njo nikasikia hatua ya mutu mumoja. Kitu laini ikaanguka juu yangu, mikono mbili ikaikaza ku kiuno, ikaifunga muzuri, bila haraka, sawa vile banafunika mutoto mwenye alitupa blanketi. Ilikuwa kikwembe, ile kitenge yenye bamama banafungaka. Na sauti yenye nilikuwa naisikia tu ya mbali, tangu miaka yote, ikasema karibu kabisa:

"Tulia, mutoto yangu. Usijivute, utajiumiza."

Mama Inno. Tangu mama yangu alikufa, hakuna mutu aliniita vile. Nikatulia.

Akafungua nyumba na funguo yake, Mave akaingia jikoni, akapiga magoti pembeni ya kichwa yangu bila kuniangalia, akafungua kifuniko ya mulango na kisu, akatosha bateri. Kibao ikalegea, nikatoka. Bateri tu! Miye mwenye nafundishaka muji muzima batoshe bateri mbele ya kitu yote, sikuwaza bateri.

Nilikuwa nasimama ku baraza, vumbi ku uso, kikwembe ya Mama Inno ku kiuno, wakati Baba mukubwa aliingia. Hakukasirika, na ile njo ilinitisha. Akaomba kiti, akaomba maji, akakunywa, akaangalia kikwembe, akauliza ni nani alinifunika. Mama Inno akajibu ni yeye, hakuweza kuacha mutoto ya mutu aonekane vile. Muzee akaweka kopo chini.

"Basi neno imeisha. Mukwe hafunikwe na kikwembe ya mama-mukwe, mwenye kikwembe ile inamufunika ni mutoto. Huyu ni mutoto ya hii nyumba sasa, na siye hatuoeshe mutoto yetu kwa kaka yake."

Niliwaza anatania. Niliangalia bamama, hakuna mwenye alicheka.

Shangazi alienda kubembeleza, akarudia na kuku yenye balimupatia kama ndugu, na kwa ile kuku njo nilijua dot imekufa. Yeye anasema hajasikia ile desturi tangu azaliwe. Kuko benye banasema mufanyabiashara ya samaki wa Mahagi-Port alishaongeaka na Baba mukubwa juu ya Mave kabla yangu, na kwamba muzee alikuwa anatafuta tu njia ya kunitosha, nikamuletea miye mwenyewe. Sijui. Mama Inno pia alienda kwa muzee, akalia, akasema alifunika tu, hakuwaza mbali, akajibiwa mikono yake ilishasema. Mave akaniandikia tukimbilie Kisangani. Nikakubali mbiombio. Kesho yake akaniandikia hataweza, mama yake hale kitu tangu dimanche, anajihukumu, na siye tukikimbia itamumaliza.

Ngombe ilifika mu kiangazi, ile ya mutu wa samaki. Famille ikaniita, ndugu hawezi kukosa. Nikavaa shati ya kitambaa yenye bandugu bote balivaa, nikagawa vinywaji, nikavuta kamba ya ngombe moja yenye ilikataa kuingia mu lupango ya nyumba. Yule bwana (mutu mupole, nilimutafutia ubaya nikakosa) akapita anatusalimia mumoja mumoja, alipofika kwangu akainama, akashika mukono yangu na mikono yake mbili.

"Bokilo, asante kwa kunipa dada yako."

Nikamuambia karibu kwetu. Mave alikuwa anaangalia chini.

Tangu pale, mutu akisema mbele yangu kitu fulani ni ya dakika tano, naondoka. Na niliapa: simu, ndiyo, nitatengeneza mpaka nife, lakini kitu yenye inajifungua na kujifunga yenyewe, hata banibembeleze, sitaigusa tena maisha yangu yote.

Juma iliyopita Mama Inno aliniita. (Dimanche yote ananiitaka, anakaa pembeni yangu kabisa, ananiwekea samaki, na munajua ile samaki inatoka kwa nani.) Mulango inaomba tena mise à jour, na Mave anakuja kumutembelea na bwana yake, hataki bakute Kapita amechafua tapi. Ningemukatalia namna gani? Ni mama yangu. Nikaenda, nikatosha kwanza bateri. Saruji ya baraza ilikuwa baridi, akaingia ndani, akaniletea kitu ya kuweka chini ya magoti, akaikunja, akaitandika yeye mwenyewe. Ilikuwa ile kikwembe. Nikapiga magoti juu yake, nikaanza kazi.