Meja Hakukataa Chakula

Meneja wa zamu aliondoa sahani ya Meja ikiwa bado imejaa, akaniambia, "Andika amekataa chakula tena. Jumatatu tunampandisha juu."

Juu, katika nyumba yetu ya kulea wazee, ni ghorofa ya waliopotewa na kumbukumbu, na mlango wake unafungwa kwa namba za siri. Hapo nikachoka. "Rudisha hiyo sahani! Hajakataa, anangoja!"

"Anangoja nini, Krismasi?"

Nilikuwa na mtoto mchanga nyumbani Thornton Heath na kazi naihitaji, lakini sikunyamaza. Nilijua alichokuwa akingoja, maana kila asubuhi nikimnyoa Meja alinisimulia kazi yake. Nawaandikia nyinyi mnaoanza kulea wazee huku London, mjue mnamwosha nani.

Alitoka chuo cha maafisa kwao Ugiriki akiwa luteni, viatu vinang'aa, akapangwa kikosi cha mizinga ya milimani. Mzinga huo hufunguliwa vipande vipande, ukabebwa na nyumbu, yule anayezaliwa na punda na farasi: mmoja mtutu, mwingine magurudumu, mwingine makombora. Siku ya kwanza kapteni wake alimuuliza:

"Luteni, umekula?"

"Nimekula, Kapteni."

"Nyumbu wamekula?"

"Sijui."

"Askari?"

"Sijui."

"Basi hukula. Umeiba."

Tangu hapo ikawa mnyama kwanza, askari wa pili, afisa mwisho, na sufuria ikiisha afisa analala hivyo hivyo.

Wataliani walipovamia Ugiriki, kikosi kilipanda na nyumbu hao milima ya Albania kwenye theluji. Kapteni aliuawa, yeye akashika kikosi. Jioni moja akaja kanali kutoka makao makuu, akataka aandaliwe meza. Luteni akamwambia walinzi hawajarudi kutoka mlimani, kwa hiyo chakula bado.

"Wewe ni afisa au mpishi?"

"Mpaka walinzi wale, mimi mpishi, Kanali."

Kanali alikaa juu ya sanduku la makombora akangoja. Mimi nampenda Meja kwa hilo tu, hata kabla ya Wajerumani kuiteka nchi yao, akavuka bahari mpaka Misri kwenda kupigana tena jangwani na kupanda cheo mpaka kuwa meja. Alisema kustaafu kulimtesa kuliko baridi ya Albania: unakaa mezani peke yako, huna wa kumngojea.

Kwetu hapa alikuwa nao wa kuwangojea. Aliweka mikono magotini mpaka Bibi wa meza ya pembeni, anayelishwa kwa kijiko, amalize. Zamu yangu nilimpakulia mwisho, na sahani ilirudi nyeupe. Mwezi wa Ramadhani Meja aliniuliza, "Na wewe, binti, umekula?" Nikasema nimefunga. "Ah! Leo umenipita cheo."

Nilipoandika malalamiko nilimsomea. Akasema, "Vizuri. Lakini futa neno 'maskini'. Afisa si maskini." Nikafuta. Yalibaki hivi:

"Namlalamikia rasmi meneja wa zamu. Meja hakukataa chakula, alinyang'anywa. Ni askari, hali kabla ya wenzake. Apakuliwe mwisho, atamaliza. Akili zake ni timamu, na hakuna aliyemuuliza. Asihamishwe."

Nikayapeleka kwa mkurugenzi mwenyewe, nikamwomba agonge muhuri nakala yangu. Akasema hapa hawatumii mihuri.

"Basi andika 'nimepokea'," nikamwambia, "na jina lako. Nakungoja."

Akaandika.