Eduvina wa Maktaba ya Llauquén

Maktaba ya Llauquén iko mkabala na duka langu la mikate. Ni nyumba ya mbao, imevikwa vigae vya mbao kama nyumba zetu zote huku visiwa vya Chiloé, kusini mwa Chile, na upande wa baharini imeanza kuinama kidogo kwa upepo. Kwa miaka mingi, kila nilipofungua dirisha asubuhi, mtu wa kwanza kumwona alikuwa Eduvina Mansilla, kuni mikononi, mwavuli kwapani, akihangaika na kufuli. Alikuwa mrefu, mwembamba, na sweta yake ya sufu alikuwa ameifuma mwenyewe.

"Umeamkaje, jirani?" alikuwa akiniuliza.

"Salama, Mwalimu."

Basi. Maongezi yetu yaliishia hapo, nami nilidhani ndivyo alivyopenda mwenyewe.

Mji mzima tulimwita Mwalimu, ingawa hakuwahi kusimama mbele ya darasa. Jina lilimshika tu, kwa sababu ya vitabu na ile sauti yake ya chini. Na ukishaitwa Mwalimu kwetu, watu hawakuzoei. Siku za kuvuna viazi, majirani wakikusanyika kusaidiana, yeye alipelekwa sebuleni, akapewa kiti kizuri na kikombe chenye kisahani. Sisi wengine tulibaki jikoni, tumebanana kwenye benchi karibu na jiko, tunakula milkao, maandazi yetu ya viazi, ya moto yanayochuruzika mafuta ya nguruwe na kutaniana mpaka machozi. Alikunywa chai yake kule peke yake, akaaga kwa adabu, akaenda nyumbani. Hakuna aliyemwonea. Tulikuwa tunamheshimu.

Nyumbani hakukuwa na mtu. Mama yake alikuwa amefariki baada ya kulala kitandani miaka na miaka, na dada yake Uberlinda alikuwa ameolewa Punta Arenas, mbali kusini, anapiga simu Krismasi. Kwa hiyo maktaba ndiyo ilikuwa familia yake.

Na maktaba ilikuwa na enzi yake, tusiseme uongo. Watoto waliotoka visiwa vidogo walikuwa wakimaliza shule mchana na kusubiri mashua ya kuwarudisha, nao walisubiria kwa Eduvina. Soksi zao zilizolowa alizitundika juu ya jiko la kuni. Mwalimu wa shule akiwapa kazi ya nyumbani kuhusu volkano, wote walikuja mbio kugombea kitabu kimoja kikubwa, maana mji mzima haukuwa na kingine. Walinakili kwa zamu. Ukinong'ona, Eduvina alikutazama juu ya miwani. "Midomo utaitumia kulia viazi nyumbani," alisema. "Humu ndani tunatumia macho." Watoto walimwogopa, na bado kesho walirudi.

Kisha simu zikaingia. Kwanza zilikuwa za wenye nazo, halafu kila mtoto akawa anayo mfukoni, na volkano zote za dunia zikawa humo ndani. Shule nayo ikapata kompyuta zake. Mashua zikawa za injini kubwa, hazichelewi tena. Sikumbuki ni kipupwe gani ambacho soksi za mwisho zilitundikwa pale. Naona hata yeye hakujua kuwa zilikuwa za mwisho.

Hakuacha kufungua. Aliwasha jiko, akapanga viti, akafuta vumbi, akakaa. Siku moja nilimpelekea mkate uliobaki, nikamkuta anasoma katikati ya viti vitupu, amejifunga shali.

"Wamekuja wangapi leo?" nikamuuliza, ili niseme neno.

"Mvua imewazuia," akanijibu.

Kulikuwa na jua siku ile. Niliweka mkate mezani nikaondoka, na njia nzima ya kuvuka barabara nilikuwa nikijiuliza kwa nini sikukaa.

Mambo yaligeuka mwaka ambao kiwanda cha samoni kilitangaza kwamba atakayetaka kupandishwa kazi lazima awe na cheti cha sekondari. Nusu ya watu wetu wazima hawakuwa nacho. Manispaa ikamtuma Yasna Oyarzo, mwalimu kijana kutoka Castro, aanzishe masomo ya watu wazima, na mahali palipokuwa na nafasi na joto ni maktaba. Yasna alikuja na meza, ubao na kompyuta kadhaa. Rafu kadhaa zikahamishiwa stoo.

"Na vitabu je?" Eduvina akamuuliza.

"Vitabaki, Mwalimu. Ila na watu nao wapate pa kukaa."

"Watu walikuwa na pa kukaa siku zote."

Yasna alikuwa ameshaanza kusogeza meza. Alikuwa binti mwema, lakini mwenye haraka.

Wanafunzi walianza kufika jioni, zamu ikiisha, wamevaa mabuti ya mpira na kunuka samaki. Waliongea wote kwa pamoja, walisaidiana kwa kelele, walipitishiana kikombe cha yerba mate, ile chai ya majani machungu. Aliyewashinda wote kwa mdomo alikuwa Nolfa Huenchur, mama wa watoto watatu, anayekata minofu kiwandani. Eduvina alisimama karibu na jiko kama mgeni katika nyumba yake. Siku ya kwanza aliweka kidole mdomoni kuwanyamazisha, kama zamani.

"Wee, Mwalimu, usinitanie!" Nolfa akamwambia. "Kutwa nzima nimenyamazishwa na mashine. Ukinifunga mdomo na huku nitapasuka, halafu utanifagia mwenyewe."

Wakacheka wote. Eduvina alishusha kidole, akaenda kuongeza kuni kwenye jiko lililokuwa limejaa. Kuanzia hapo kazi yake ikawa kufungua, kupasha chumba joto na kufunga. Hakuna aliyemuuliza kitabu. Mimi nilidhani kuwa sasa maktaba imejaa, upweke wake umekwisha. Kumbe kukaa peke yako kwenye chumba kitupu ni nafuu.

Jioni moja upepo uliizuia feri, Yasna akakwama ng'ambo. Wanafunzi walikuwa wameshafika na mtihani ulikuwa unakaribia. Kulikuwa na hesabu moja ubaoni, ya kutafuta x, imewasumbua tangu juzi. Nolfa ndiye aliyetamka.

"Jamani, tunahangaika nini? Si Mwalimu yupo!"

"Kweli! Mwalimu, tuokoe!"

Wakampa chaki. Alisimama mbele ya ubao akiwapa mgongo. Haya niliambiwa na Nolfa mwenyewe: kwamba mkono uliinuka, ukagusa ubao, ukabaki pale. Walisubiri kwa heshima zote. Kisha Eduvina aliiweka chaki chini polepole, akapita katikati yao, akatoka nje bila koti.

Nilimwona kupitia dirishani. Mvua ilikuwa inakuja kwa mshazari, ile inayopiga usoni, naye amesimama chini ya kibaraza changu. Nilimshika mkono nikamwingiza jikoni, nikamkalisha karibu na tanuri na kumpa taulo.

"Sijui," akasema.

"Hujui nini, Mwalimu?"

"Usiniite hivyo." Alijifuta uso. "Ile hesabu siijui. Niliacha shule kidato cha pili. Mama alipoanguka, Uberlinda alikuwa ameshaondoka, nani angebaki naye? Meya wa wakati ule akanipa ufunguo wa maktaba kwa sababu nilikuwa na mwandiko mzuri. Basi. Hakuna aliyeniuliza, na mimi sikusema. Mkaanza kuniita Mwalimu. Ningeanzia wapi kuwakatalia?"

"Ungeniambia mimi."

"Saa ngapi?" akaniuliza. Hakuniuliza kwa hasira. Alitaka kujua kweli.

Hapo mlango ukafunguliwa, akaingia Nolfa, koti la Eduvina mkononi, maji yanamtiririka. Alikuwa amesikia. Kisha akamvika koti mabegani, akavuta kigoda.

"Yaani miaka yote hii nimekuogopa bure?" akasema. "Nilipokuwa mdogo nilikuwa nikikuona barabarani najificha nyuma ya mama."

"Nilikuwa nakuona," Eduvina akajibu.

"Sasa sikiliza, dada. Kesho njoo ukae pembeni yangu. Mimi hiyo x siijui, wewe huijui. Tutakuwa wajinga wawili, angalau tutakumbatiana."

Hakwenda kesho yake. Maktaba haikufunguliwa. Wanafunzi walisimama mvuani, wakagonga, wakarudi makwao. Jioni ile aliponieleza jikoni, dukani kwangu kulikuwa na mteja, na maneno yakatembea. Don Baldomero, mstaafu wa bandari, aliyaleta asubuhi pamoja na pesa yake ya mkate. "Kumbe hata sekondari hakumaliza! Na alivyokuwa akitunyamazisha!" Wengine wakacheka. Nikamwambia achukue mkate wake na abaki na mdomo wake nyumbani. Lakini Eduvina hakuwa kiziwi, na mji wetu ni mdogo. Nilimgongea mlango, hakufungua. Moshi ulikuwa unatoka kwenye bomba la paa, kwa hiyo nilijua yuko hai.

Aliporudi ilikuwa siku ya mvua tena. Alifungua, akawasha jiko, akapanga viti. Wanafunzi walipoingia, walimkuta ameshaketi kwenye meza ya mwisho, daftari jipya mbele yake na penseli amezichonga. Hakuna aliyejua pa kutazama. Nolfa akatupa mkoba wake juu ya meza ileile.

"Sogea, Eduvina, mbona umechukua benchi lote?"

Akasogea.

Katika lugha na historia aliwapita wote. Insha yake ya kwanza Yasna aliisoma mara mbili, akamwomba ruhusa ya kuisoma kwa darasa. Eduvina akakataa, masikio mekundu. Lakini hesabu zilimtesa. Alikuwa na zaidi ya miaka hamsini, na namba hazikutaka kukaa kichwani. Nolfa ndiye aliyekuwa akimfafanulia, kwa kutumia minofu ya samaki na masanduku, kwa sauti ya kusikika mpaka kwangu. Eduvina naye alimsomesha Nolfa kuandika sentensi isiyokimbia. Siku moja niliwasikia wakigombana kuhusu koma, Nolfa anasema koma ni za matajiri, na Eduvina akacheka. Nilisimama na unga mikononi. Sikuwahi kuisikia sauti ile.

Walikwenda Castro kufanya mtihani, wote kwa feri moja. Matokeo yalipokuja, Nolfa alifaulu. Eduvina alifeli hesabu.

Alinijia mwenyewe kuniambia, amesimama wima. "Nimefeli," akasema, "na wote wanajua." Nilitaka kumfariji, akanizuia kwa mkono. "Ngoja. Baldomero amenipa pole barabarani. Ameniita kwa jina langu." Kisha akanunua mkate wake akaenda.

Alirudia mwaka uliofuata, na darasa jipya, bila rafiki yake. Nolfa alikuwa ameshapata kazi ya usimamizi kwenye kiwanda kikubwa zaidi, Puerto Montt, na akahama na watoto wake wote. Siku ya kuondoka walikumbatiana gatini muda mrefu. Nolfa, ambaye hakukosa neno maishani, alilia tu. Mwanzoni simu zilikuja kila Jumapili. Halafu zikawa za mara mojamoja, kama zinavyokuwaga. Eduvina hakumlaumu. Aliniambia kuwa mtu aliyekusogezea benchi huwezi kumdai zaidi.

Safari hii alifaulu. Cheti kilipofika alikipeleka nyumbani, akakiweka mezani, akakaa mbele yake. Hakukuwa na wa kumwonyesha. Mwishowe alimpigia dada yake, Punta Arenas, bila kungoja Krismasi.

"Nimepata cheti cha sekondari, Uberlinda."

"Kwani hukuwa nacho?" dada yake akauliza.

Aliponisimulia hayo alitabasamu, lakini mikono yake ilikuwa inakunja na kukunjua ncha ya shali.

Yasna siku hizi ana vituo vingine, anakuja mara chache. Wapya wanapoingia maktaba, wenye mabuti, wenye aibu, wanaoficha vidole vyenye makovu, Eduvina ndiye anayewapokea. Hajui hesabu zote na huwaambia hivyo tangu mwanzo. "Hii ilinishinda mwaka mzima," anawaambia, "hebu tuone nani kati yetu ataiweza leo." Wanapiga kelele zao. Rafu zilizobaki zinafunguliwa zaidi kuliko zamani, maana wanaosoma ubaoni hutaka kuendelea kusoma nyumbani.

Jumapili maktaba hufungwa. Siku hiyo namwona akitembea peke yake ufukweni, maji yakiwa yamekupwa, hadi mwisho wa mchanga na kurudi. Mara nyingine nafunga duka namfuata. Tunatembea bila kusema mengi. Mara nyingine nina unga wa kukanda, namtazama tu kupitia dirishani mpaka mvua inamfunika.