Kibarua Aliyerudishwa na Mwethya

Filimbi ya Mama Kioko ililia kabla jogoo hawajamaliza kazi yao. Kwetu Muthetheni, kila Jumatano na Ijumaa za kiangazi, mama huyo alisimama nyuma ya nyumba yake akapuliza mara tatu, na kutoka kila upande wa mlima zikaitika filimbi nyingine, za wanawake waliokwisha kujifunga leso kiunoni na kuweka jembe begani. Hiyo ndiyo iliyokuwa mwethya, kikundi cha kusaidiana kilichozunguka shamba hadi shamba kikichimba matuta ili mvua isije ikabeba udongo wote na kuupeleka mtoni. Leo kwa huyu, keshokutwa kwa yule, mpaka zamu ikufikie. Mamangu alikuwa mmoja wao tangu aolewe. Alirudi jioni akinuka udongo mbichi na jasho, na moshi wa jiko la watu wengine, na mimi nilipenda kukaa karibu naye wakati huo kuliko wakati mwingine wowote wa siku.

Mwaka ninaousimulia, mwishoni mwa miaka ya tisini, nilikuwa na umri wa miaka kumi na mmoja, na mama alikuwa ameamua kuwania kiti cha udiwani. Diwani aliyekuwepo alikuwa na lori, duka, na sauti iliyofika mbali bila kipaza sauti. Hakutembelea mtu bila sukari wala leso, kwa kuwa alijua vizuri kwamba mkono mtupu haulambwi. Wa mama ulikuwa mtupu kabisa. Baba alifanya kazi kiwandani Athi River na kuja nyumbani mwisho wa mwezi, na mshahara wake ulikuwa na wenyewe kabla haujafika. Ahadi ya mama ilikuwa moja tu, bwawa la maji upande wetu wa mlima, ili wanawake waache kupoteza nusu ya siku nyuma ya punda. Alikitaka kiti kile kwa moyo wake wote, na hakuona haya kusema anakitaka. Mimi nilikitaka zaidi. Nilikuwa nimekwisha kuwatangazia wenzangu wa darasa la tano kwamba nitakuwa mtoto wa mheshimiwa, wakaacha kuniita Mutheu, wakanibandika jina la Mheshimiwa Mdogo, nami nikajifanya silipendi.

Kampeni ilimchukua mama kama maji ya mafuriko. Asubuhi alikuwa soko hili, mchana kanisa lile, jioni kwenye harambee ya watu asiowajua. Msimamizi wa safari hizo alikuwa Mjomba Mbithi, mdogo wake, mwanamume mwenye baiskeli moja na maoni mia. Mjomba ndiye aliyegundua kwamba Jumatano na Ijumaa zinawapotezea kura. Mgombea mzima atachimbaje mtaro huku mpinzani wake yuko sokoni anasalimia watu? Akapendekeza watafute kijana wa kibarua, mwenye mgongo wa kazi, aende kwenye mwethya kwa niaba ya mama. Mama alisitasita, nakumbuka alisugua sufuria moja kwa muda mrefu sana, halafu akakubali. Alikuwa amekwisha kukosa mashamba mawili na aliona afadhali kutuma mtu kuliko kutotuma kabisa.

Siku ya kwanza ya kibarua huyo zamu ilikuwa ya Mama Kioko mwenyewe, mwenyekiti wa kikundi. Kijana aliondoka na jembe letu alfajiri na kabla ya saa tatu alikuwa amerudi nalo, halina hata chembe ya udongo. Hakufukuzwa, alisema. Walimpa uji kikombe kizima, wakamwacha amalize, kisha Mama Kioko akamtuma kwa mama na maneno aliyoyakariri njia nzima asiyasahau: “Mwambie Mama Mutheu, huyu kijana hatuna shida na yeye, lakini sisi tunataka aje mwenyewe. Mkono wa kukodi tungekodi sisi.” Mama alisikiliza akiwa amesimama na kitabu cha kampeni mkononi. Katika mwethya ungeweza kumtuma mwanao, au mkaza mwana, au hata bibi yako akae kivulini aimbe. Kutuma mtu wa kulipwa ni sawa na kuwaambia wenzako kwamba jasho lao lina bei sokoni, nawe umeijua. Mjomba Mbithi alisema ni mambo ya wivu na yataisha. Hayakuisha. Kufikia siku ya soko diwani alikuwa amekwisha kuyadaka, akawa anauliza watu kwa upole: kama shambani ametuma kibarua, barazani atamtuma nani?

Zamu iliyofuata ilikuwa yetu. Mama alifuta mikutano yote, akaamka kupika muthokoi, yale mahindi yaliyokobolewa yakachemshwa pamoja na maharagwe, sufuria ya kulisha watu ishirini. Tulikaa tukingoja filimbi, na filimbi hazikulia. Jua lilipanda. Mimi nilikuwa na hasira na wanawake wale wote, mmoja mmoja kwa jina, na nilimwambia mama tuwapelekee mbwa wao chakula. Alikaa kwenye kigoda akitazama njia, na nilimwonea huruma. Asiyekuwepo na lake halipo, alisema mwishowe, na akasema bila uchungu wowote, kama mtu anayesoma ubao wa hesabu akaona kosa lake lilipo. Kisha akaniambia nichukue karai, yeye akachukua jembe na sururu, tukashuka kwa Mama Kioko.

Nilipofika pale ndipo nikaona kitu ambacho watu wote waliopita barabarani walikuwa wamekiona kabla yangu. Katika mwethya kila mwanamke alipimiwa sehemu yake kwa mpini wa jembe, mipini mitano kila mtu. Mtaro wa Mama Kioko ulikata mlima mzima, mrefu na umenyooka, lakini katikati palikuwa na kipande cha ardhi ngumu ambacho hakijaguswa. Cha mama. Hakuna aliyemchimbia, wala hakuna aliyesema neno. Mvua ya kwanza ingepita hapo hapo na kubomoa kazi ya wote, kwa maana usipoziba ufa utajenga ukuta. Mashamba yale mengine mawili aliyokosa yalikuwa na mapengo kama hilo.

Mama alichimba mapengo yote matatu, na ilimchukua karibu wiki tatu kwa kuwa ardhi sasa ilikuwa kavu kama tofali na hakuwa na wa kupokezana naye sururu. Wiki tatu za kampeni. Mjomba alikuja na baiskeli yake, akasihi, akakasirika, akaondoka, akarudi kusihi tena. Diwani alipita na lori lake akipiga honi. Mimi kila nilipotoka shuleni nilikwenda kumsaidia, nikirusha udongo kwa karai upande wa juu wa mtaro, na huko ndiko nilikojua siri niliyomficha kila mtu. Nilikuwa na furaha. Mama alikuwa amerudi. Aliniambia hadithi za ujana wake, alinicheka namna ninavyoshika jembe, tulikula viazi vitamu vilivyopoa tukiwa tumekaa juu ya udongo, na jioni alinuka tena ile harufu yake. Mama Kioko alitoka mara moja na kibuyu cha maji, akakiweka chini, akarudi ndani. Tulimaliza pengo la mwisho siku nne kabla ya mvua.

Uchaguzi ulikuja mwisho wa mwaka, na mama akashindwa kwa kura chache. Mjomba alizitaja kura hizo kila sikukuu hadi tukamkataza. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, mama alimwambia, lakini uso wake ulikuwa umelegea, na shamba letu lilikuwa limejaa magugu, halina mtaro, mahindi ya chini yamefukiwa na udongo ulioporomoka. Nami nakiri leo kwamba niliposikia ameshindwa, kitu ndani yangu kilipumua. Asubuhi ya pili baada ya matokeo filimbi zililia karibu sana. Nilitoka nikawaona wamejaa uani, na majembe yao, Mama Kioko mbele.

“Leo ni siku yako,” Mama Kioko alisema.

“Sijapika kitu,” mama akasema.

“Si ukapike basi.”

Mama aliingia jikoni akalia huko, akatoka na sufuria. Kura za wanawake wale zilimpa udiwani miaka mitano baadaye, akakaa vipindi viwili, na bwawa likachimbwa. Katika miaka hiyo yote baraza la mjini Machakos lilijua kwamba Jumatano hapatikani.

Mimi sasa naishi Syokimau, ambako jirani yangu ninamjua zaidi kwa rangi ya gari lake, na siwezi kusema ninaishi vibaya. Mama bado yuko Muthetheni, na kila uchaguzi ukikaribia vijana wanaotaka viti huenda kwake kuomba baraka. Mwaka jana nilimkuta mmoja uani, amevaa viatu vyeupe, akimweleza kwamba matuta ya kijiji kizima atayachimba kwa trekta, siku moja tu, wamama wapumzike. Mama alimsikiliza hadi mwisho. Alikubali kwamba trekta ni kitu kizuri, na migongo yao imechoka kweli. Kisha akamuuliza: “Na siku utashindwa, hiyo trekta itakuja kwako asubuhi?”

Kijana alicheka, kisha akaacha kucheka. Nilirudi Syokimau nikidhani mambo yameishia hapo. Jumatano iliyofuata nikiwa ofisini mama alinipigia simu, na nyuma yake nilisikia wanawake wakimcheka mtu.

“Amekuja,” alisema. “Jembe analishika vibaya, lakini amekuja.”