Kengele ya Ermes

"Hivi wewe Nives, wale watu wa Kiwanda umewasamehe, au unawangojea?"

Ilde muuza mikate ndiye aliyemuuliza Nives Benassi swali hilo, mbele ya foleni nzima, asubuhi moja ya ukungu, sherehe ya mauzo ikiwa imekaribia. Nives alipokea mkate wake, akaubana kwapani, akajibu kwa upole, "Nawaombea, Ilde. Namwomba Mungu awape mwaka mzuri wa mauzo."

Foleni ikacheka. Pale hakuna aliyejua kwamba anasema kweli tupu.

Kwetu huku tambarare za Modena, mtoto hulijua jina la Kiwanda kabla hajaijua Baba Yetu, Mungu atusamehe. Kinaunda magari ya mwendo kasi ya matajiri, na kinaunda machache makusudi, ili wanunuzi wayagombanie. Mwasisi wake, mtu wa ibada, alituachia desturi: kila Januari mauzo ya mwaka hutangazwa uwanjani mbele ya kanisa. Yakiwa yamepanda, kengele zote hupigwa kwa shangwe. Yakiwa yameshuka, mnara hunyamaza na kila mtu hurudi kwake kula supu yake kimya. Mvuta kamba za kengele alikuwa Nives, na kabla yake baba yake.

Mumewe, Ermes, alikuwa fundi wa bodi za magari pale Kiwandani. Bati aliligonga kwa nyundo hadi likajikunja kama shavu la mtoto. Nyundo hizo zilimuua masikio, lakini kengele za mkewe alikuwa akisema anazisikia kwa nyayo.

Ukaja mwaka wa mauzo kuporomoka. Tassinari, mkurugenzi wa mauzo, akawaondoa mafundi wa zamani. Ermes aliambiwa naye pale getini, wenzake wakisikia, "Mzee, wateja wangu hawanunui makelele ya nyundo." Ermes akaja nyumbani na nyundo zake amezifunga ndani ya aproni. Hakuzifungua tena. Majira ya baridi yaliyofuata tukamfumba macho.

Asubuhi ya mazishi, Nives alikuwa ameshashika kamba ya kengele kubwa. Kwetu aliyekufa hupigiwa kengele yake mwenyewe: mapigo matatu ya kwanza akiwa mwanamume, mawili akiwa mwanamke, kisha pigo mojamoja, polepole, kijiji kizima kikisali. Asiyepigiwa ni kama hakuagwa. Hapo ndipo Tassinari alipoingia, kofia mkononi, pamoja na paroko wetu, Padri Celso.

"Pole sana, Bi Nives. Ila leo wateja wapo uwanjani wanakabidhiwa magari. Ndio hao wachache tuliobaki nao. Mtu anapewa ufunguo wa gari la kasi, halafu asikie kengele ya maiti? Tutamkosa."

Nives akamtazama paroko. Paroko akatazama viatu vyake. Paa la kanisa lilikuwa limeezekwa upya na Kiwanda.

"Tutampigia kesho, binti yangu," akasema paroko.

Kesho hiyo haikufika. Ermes alishushwa kaburini kimya, nasi tukizisikia injini za magari zikinguruma upande wa pili wa ukuta.

Tangu siku ile Nives hakutukana mtu. Alisali rozari, na kila fumbo akaliwekea nia moja: magari yauzwe. Mauzo yalikuwa yakizidi kushuka, na kila Januari mnara ukanyamaza. Siku moja nilimkuta akimwashia Mtakatifu Antoni mshumaa baada ya kusikia kwamba wanunuzi wa ng'ambo wameanza kurudi. Nikamwambia, "Dada, unawaombea wale?" Akasema, "Kengele haipigwi mwaka mbaya."

Mwaka mzuri ukaja, tena ambao Kiwanda hakijapata kuuona mfano wake. Uwanja ulijaa. Magari mapya yalipangwa mbele ya ngazi za kanisa, wenyewe wakisubiri funguo, divai nyekundu yetu ikitoa povu kwenye glasi. Tassinari akasoma hesabu ya mauzo, makofi yakalipuka, naye akainua mkono kuelekea mnarani, uso umemjaa tabasamu.

Kengele kubwa ikalia. Peke yake.

Ikalia tena. Ikalia mara ya tatu, kisha ikatulia.

"Mwanamume," akasema Ilde, na kitambaa kikapanda kichwani. Wazee wakavua kofia. Kinyozi akashusha mlango wa duka nusu. Bendi ikaweka tarumbeta chini, na wafanyakazi wa Kiwanda wenyewe, waliokuwa wakipiga makofi sasa hivi, wakafanya ishara ya msalaba na kuitikia, "Raha ya milele umpe, ee Bwana." Pigo likafuata pigo. Mnunuzi mmoja wa Bologna akagusa chuma cha funguo zake kufukuza mkosi, kisha akamrudishia Tassinari ufunguo aliokwisha kupewa.

"Gari la kengele ya msiba? Lipande wewe, bwana."

Mwingine akamfuata. Na mwingine.

Tassinari akapanda ngazi za mnara mbiombio, sisi wasafisha kanisa nyuma yake. "Kafa nani? Bi Nives! Kafa nani?"

"Ermes."

"Ermes alishaoza!"

"Ndiyo. Kengele yake ilichelewa. Wewe ndiye uliyeichelewesha." Na hakuiachia kamba mpaka mapigo ya mumewe yalipotimia.

Jioni ile Padri Celso alikuja kuchukua ufunguo wa mnara. Nives alikuwa ameshaufuta kwa mafuta, ameuweka mezani juu ya aproni ya Ermes. Kazi ya baba yake ilikuwa imemtoka, na alilijua hilo kabla hajashika kamba.

"Waombe radhi, binti yangu," akasema paroko. "Huenda nikaweza kukutetea."

"Radhi nitamwomba Mungu, Padri, kwenye kitubio. Wao siwaombi kitu."

Paroko akabaki ameushika ufunguo. "Na mimi? Huna la kuniomba hata mimi?"

Nives akamjibu bila kupandisha sauti, "Nikifa, nipigie kengele siku hiyohiyo. Usingoje Kiwanda kimalize kuuza."