Ensete Kwenye Pipa la Taka

Nyinyi vijana mnaosoma huku kidole kikiwa tayari kurukia habari nyingine, hebu kitulizeni kidogo. Sikusoma sana, kwa hiyo sitawachosha. Lakini nilichokiona Jumamosi hapa Thornton Heath, London, bado kimenikwama kooni.

Enzi zetu, huko kwa Wagurage, Ethiopia, nilikozaliwa kabla sijaolewa Nairobi na kukishika Kiswahili hiki, mtoto aliujua ensete kabla hajajua jina la babu yake. Ni mti kama mgomba, ila ndizi zake haziliwi. Sisi tunakula shina na kiazi chake. Uliizunguka nyumba mpaka jua likawa linaingia kwa kuchungulia. Baba aliupanda, akauhamisha, akauhamisha tena. Sisi tukakua, nao ukakua. Ukishapevuka, wanaume waondoke! Kukwangua ni kazi ya wanawake, na mwanamume aliyechungulia alizomewa mpaka ng'ambo ya uwanja wa nyasi tulikochezea huku ng'ombe wakila majani. Mama aliketi chini, ubao ameuegemeza kwenye shina, mguu mmoja juu, kisigino kimeshikilia ganda la mti, anakwangua kwa kipande cha mwanzi, kwaru, kwaru, shangazi zangu wakiwasema waume zao.

Tulichokwangua tulikizika kwenye shimo lililotandikwa majani, kikachacha miezi. Harufu yake! Wajukuu wangu wangeita zimamoto. Lakini kikiokwa kinakuwa mkate. Sikukuu ya Msalaba, kaka zangu wakirudi kutoka mjini walikofanya biashara na kung'arisha viatu, rangi bado iko kwenye kucha, tuliula na nyama mbichi iliyokatwakatwa ikazama kwenye samli ya viungo. Nililamba mpaka kiwiko.

Kisha ukaja mwaka mvua ilikataa. Nafaka ikakauka ikawa ufagio. Mama akatuonyesha ensete nyuma ya nyumba: "Lieni mkitaka. Yule pale hatuachi." Hakutuacha. Hakuna mtoto wa nyumba yetu aliyezikwa mwaka ule.

Basi. Mkwe wangu Musyoka, mume wa binti yangu, alinunua dukani mche wenye majani mekundu, eti pambo la bustani. Nilipouona nilishika ukuta. Ensete, London! Majira yote ya joto nilikuwa naketi kando yake kama niliyetembelewa na mtu wa kwetu.

Jumamosi, baridi imeanza kuuma, natoka na kahawa yangu, namkuta Musyoka na msumeno. Majani mawili yamekwishaingia pipani.

"Musyoka! Unafanya nini?"

"Usafi, Mama. Si baridi itauua tu? Mwezi wa tano tutanunua mwingine."

"Mwingine! Na mimi nikianza kukohoa Desemba, utanunua mama mkwe mwingine?"

"Ai, Mama! Wa aina yako hauzwi."

Mjukuu wangu Mwende akatoa kichwa dirishani, akasema kwa Kiingereza chao kwamba Nyanya, huo ni mmea tu.

Mmea tu! Nikakaa kwenye ngazi. Mwanamume, ameshika msumeno, anaukata ensete usiopevuka, na si wa kula, wa kutupa! Kwetu hata adui hakufanya hivyo. Nikawasimulia ule mwaka wa njaa, pale pale, kahawa ikipoa. Musyoka akaulaza msumeno chini polepole.

"Mama, hatukujua."

"Mngejulia wapi, na masikio yote mmeyaziba kwa vile vidude vya muziki?"

Enzi zetu chakula kilitungoja miaka, nasi tukakingoja. Leo kila kitu kinaletwa mlangoni ndani ya boksi, na kila kitu kina mwenzake wa kununuliwa mwezi wa tano. Mna raha, sikatai. Lakini sijui siku mvua ikikataa mtaonyeshana nini nyuma ya nyumba.

Nikainuka. Nikawaambia: "Musyoka, chimba taratibu, utoe na mizizi yote. Mwende, shuka uondoe televisheni sebuleni. Ensete unalala pale mpaka baridi iishe, na asiyetaka akalale bustanini."