Kwaya Nzima Ilisikia Bomba Langu

Mkinicheka sitawalaumu, maana mimi mwenyewe nikimwona mtu wa ofisi ya maji hapa mtaani Nyamityobora navuka barabara, na kule kambi ya wakimbizi ya Nakivale kwaya yangu ya zamani wananiita Mama Mto hata mbele ya mchungaji.

Chanzo kilikuwa kidogo. Nilipotoka kambini nikahamia hapa mjini Mbarara kuuza vitenge, nyumba niliyopanga ilikuwa na bomba nyuma, kwenye migomba, na siku moja nikalifungua kidogo tu, maji membamba kama uzi, yakaangukia mawe, nami nikasikia kwetu. (Kwetu ni Lemera, milimani kule Kivu, nyuma ya nyumba ya mama kulikuwa na kijito, na tangu tukimbie vita nimekitamani kuliko hata chakula cha kule.) Sikulifunga tena. Nilijiambia mita haiwezi kuhangaika na uzi.

Bili ikapanda hadi nikaogopa kuitazama, na badala ya kujiuliza mimi, nikamgeukia jirani. Baba Rehema ni mtu wa Kivu kama mimi, mpole, tunatenganishwa na ukuta tu, na nikaamua kwamba amejiunganishia maji yangu chini ya ardhi. Mwenye nyumba, aliyetupangisha sote wawili, akasema ikithibitika atamfukuza na watoto wake. Nikakimbilia ofisi ya maji nikitaka wamkatie siku hiyohiyo.

Dada wa pale hakupandisha sauti. "Nyabo, sisi hapana kata maji ya mtu bila kusikia yeye. Fundi nakuja pima mita, wewe iko, yeye iko. Kama nataka, leta shahidi."

Sasa kwetu shahidi ni watu wanaoijua tabia yako, kwa hiyo nikapiga simu Nakivale, na siku yenyewe kwaya nzima ikashuka kwenye Fuso, na sare zao na ngoma, wakiimba mpaka getini. Fundi, Mnyankole mmoja mwembamba, mwenyeji wa hapa, akauliza huku akiitafuta mita.

"Hawa watu yote ni ya nini? Mimi napima mita tu."

Akatuamuru tufunge mabomba, mimi yangu na Baba Rehema yake. Nikafunga la jikoni, nikarudi kusimama mbele ya kwaya kifua mbele. (Niaminini, lile la nyuma halikunijia kabisa, akilini mwangu lile halikuwa bomba, lilikuwa mto.) Fundi akainama kwenye mita yangu, akasema bado inakimbia, nami nikamnyooshea Baba Rehema kidole: "Munaona? Mwizi ni ule."

Wanakwaya wakaguna. Fundi akainua mkono, akasema na yule mzee aseme lake kwanza.

Baba Rehema alivua kofia. "Miye nimefunga yote, chef. Lakini batu banyamaze kidogo. Hamusikie maji?"

Kwaya ikanyamaza, na ndugu zangu, katika ule ukimya kijito cha mama yangu kikasikika vizuri kabisa. Fundi akaufuata mlio, kwaya ikamfuata kwa mstari na sare zao, na mimi nyuma nikiomba ardhi inimeze. Mama Furaha, kiongozi wetu, akalitazama bomba, akanitazama mimi.

"Dada, hii maji ni ya nani?"

Nikasema ni yangu. Nikajaribu kueleza habari ya Lemera, nikaishia kulia hapo kwenye migomba. Fundi akalifunga bomba kwa mkono wake, kisha akamuuliza Baba Rehema kama na yeye ana malalamiko juu yangu. Nilitamani awe nayo, anitukane, tumalizane.

"Sina," akasema. Halafu akanigeukia taratibu. "Mama, ile maji nilikuwa naisikiaka kila siku. Nilikuwa nakaaka kwa dirisha, naona kama niko kwetu. Nilizani unatufungulia siye bote."

Na huyo ndiye niliyetaka atupwe nje na watoto wake. Kama wangenisikiliza mimi peke yangu siku ile ofisini, angekuwa barabarani.

Nimeapa kutomtaja mtu kwa ubaya kabla sijazunguka nyumba yangu mwenyewe, na kwaya nitaiita harusini tu. Bomba la nyuma nalikaza mpaka kiganja kinauma. Siku hizi Baba Rehema hufunga dirisha lake mapema, na sote wawili tunalala kwenye kimya.